Deni la bando halisubiri msimu

Mwezi wa nne, mvua ya masika ikiwa imeanza tangu alfajiri, kijana mmoja mpagazi wa Mlima Kilimanjaro aliingia ofisini kwetu Moshi. "Shikamoo, mama." Nikaitikia, akakaa ukingoni mwa kiti. Alitaka mkopo wa shilingi 150,000.

"Wa nini, mwanangu?"

"Wa simu."

Nikadhani anataka kununua simu. Kumbe simu anayo. Aliichukua kwa mkopo wa kulipa kila siku, na siku hiyo ilikuwa imefungwa kwa siku ya tisa kwa sababu hajalipa. Kwenye laini yake anadaiwa salio alilokopa. Kwenye akaunti yake ya pesa anadaiwa hela iliyomalizia muamala mmoja wa mwezi wa tatu. Madeni matatu, yote ya kifaa kimoja kinachokaa mfukoni, na hakuna hata moja lililozidi laki moja na nusu. Lakini kazi ya mlimani ilikuwa imesimama, na bila simu yule mpangaji wa safari hawezi kumpata kazi ikirudi.

Mimi ni afisa mikopo wa SACCOS, chama cha ushirika cha akiba na mikopo. Nilisoma Chuo cha Ushirika, hapa hapa Moshi, na kila masika napokea watu wa namna hii: wapagazi, wapishi wa mlimani, madereva wa watalii kutoka Arusha, akina mama wa sokoni. Wengi wanajilaumu kwamba hawana nidhamu ya pesa. Wengi wao nidhamu wanayo. Kinachowaumiza ni tarehe: mkopo waliouchukua una kalenda yake, na kipato chao kina kalenda nyingine.

Huko nje, utaratibu wa kuchukua leo na kulipa baadaye umekuzwa na kampuni kama Klarna, iliyoanzishwa Sweden mwaka 2005, na Afterpay ya Australia. Mtu ananunua kitu, bei inakatwa mafungu manne, la kwanza analipa siku hiyo na mengine kila baada ya wiki mbili. Ulianza kwa nguo na viatu, sasa watu wanautumia hadi kwa matumizi ya kila mwezi. Lile la wiki mbili lina sababu yake. Marekani wafanyakazi wengi wanalipwa mshahara kila wiki mbili, kwa hiyo tarehe ya deni inaangukia siku ambayo hela imeingia. Mkopo umeshonwa kwa kipimo cha mvaaji.

Kwetu bili ya simu ya mwisho wa mwezi ni ya watu wachache. Sisi wengi tunalipa kwanza ndipo tuongee. Ndiyo maana mkopo wa simu kwetu umechukua sura nyingine: kukopa salio au bando pale linapokata. Wateja wa Vodacom wanaujua kwa jina la Nipige Tafu, na mitandao mingine ina ya kwao. Jina hilo limechaguliwa vizuri, maana kupigana tafu ni jambo la marafiki. Kuna na mikopo ya kumalizia muamala pesa ikipungua, kama Songesha. Zote zinafanya kazi kwa namna moja: hulipi siku fulani. Unalipa pesa inapoingia, na mtandao unajikatia wenyewe kabla wewe hujaigusa.

Hapo ndipo ninapotaka tukae kidogo, kwa sababu watu wengi wanaona hiyo ni huruma. "Hawana haraka, mama, wanakata nikiweka." Sawa, wanakata ukiweka. Lakini unaweka salio lini? Unaweka pale unapohitaji simu tena. Deni la salio halingojei kipato chako, linangojea hitaji lako linalofuata, na hitaji la simu linarudi kesho asubuhi.

Baba yangu alilima kahawa Kibosho. Kahawa yake aliipeleka kwenye chama cha msingi kilichokuwa chini ya KNCU, ushirika wa wakulima wa Kilimanjaro uliozaliwa mwaka 1933. Alilipwa fungu la kwanza akipeleka mzigo, na nyongeza baada ya kahawa kuuzwa mnadani. Katikati ya hapo tuliishi kwa daftari la Mangi wa dukani. Sukari, mafuta ya taa, sabuni, vyote viliandikwa. Mangi alijua fungu la kahawa linatoka lini kama baba alivyojua, na hakumdai kabla. Bei yake ilikuwa juu kidogo, hilo kila mtu alilijua. Ila hakuna siku Mangi alimpokonya baba kilo ya sukari aliyoinunua kwa pesa taslimu ili kufidia ya juzi. Mkopo wa salio unafanya hivyo hasa.

Na sukari haiozi kabla ya saa 24. Bando la siku linaisha muda wake ulilitumie usilitumie. Mpagazi anayekopa bando jioni kule Marangu, asubuhi akaingia getini na kupanda sehemu ambako mtandao unakuja na kupotea, amekopa kitu kilichokufa akiwa njiani. Deni halikufa. Linamsubiri siku atakaposhuka.

Tupige hesabu. Ada zinatofautiana, kwa hiyo nachukua asilimia 10 ili hesabu iwe nyepesi. Wewe weka ya kwako, imeandikwa kwenye meseji unayopata ukikopa. Mama mmoja anayeuza ndizi Mbuyuni alikuwa anakopa bando la 1,000 jioni ili aulizie bei za Dar es Salaam. Anadaiwa 1,100. Kesho kutwa akiuza anaweka 1,000: zote zinaliwa, na bado anadaiwa 100. Anaongeza 100, deni linaisha, simu iko tupu kama jana. Anakopa tena. Tulipokaa na daftari lake tukahesabu, alikuwa anakopa mara 15 kwa mwezi. Hiyo ni 1,500 kila mwezi, 18,000 kwa mwaka, na hajaongeza hata dakika moja ya maongezi. (Kuna huduma zinazokata ada mwanzoni: unakopa 1,000, unapewa 900. Maumivu ni yale yale, na asilimia yenyewe ni kubwa kidogo, maana umelipa 100 kwa kutumia 900.)

Sasa linganisha. Wakopeshaji wadogo wasiopokea amana, wenye leseni ya Benki Kuu, ukomo wa riba yao ni asilimia 3.5 kwa mwezi. Shilingi 1,000 kwa riba hiyo ni shilingi 35 kwa mwezi mzima. Mama wa ndizi alikuwa analipa 100 kwa siku mbili. Ukigawa kwa siku, ni zaidi ya mara 40. Nilipomwonyesha alinyamaza, kisha akasema, "Kumbe ile mia ndiyo ilikuwa inanila." Mia moja haionekani, na mtu hawezi kukasirikia kitu asichokiona.

Swali analouliza kila mtu baada ya hapo ni namna ya kutoka. Wengine wanatupa laini na kusajili nyingine. Nawasihi msifanye hivyo. Namba yako ndiyo kibao cha duka lako: mnunuzi wa ndizi wa Dar anaijua hiyo, kiongozi wa msafara anaijua hiyo, na historia yako ya miamala iko hapo. Unakimbia deni la 1,100 unaacha wateja.

Kutoka kunahitaji siku moja ya kulipa mara mbili. Siku moja tu. Kwa mama wa ndizi ilikuwa 2,100: 1,100 ya deni na 1,000 ya bando jipya, vyote kwa mkupuo. Ukiweka kidogo kidogo hutoki, kwa sababu kila unachoweka kinaliwa na simu inabaki tupu, na simu tupu ndiyo inayokurudisha kukopa. Tulichagua siku yake ya kupokea mchezo, ule wa kina mama kumi wa sokoni wanaochangiana kwa zamu. Akaweka 2,100 asubuhi kabla hela haijapata kazi nyingine. Siku hiyo hiyo akatenga kopo la simu: kila jioni 700, na zikitimia za wiki ananunua bando la wiki, ambalo kwake lilitoka nafuu kuliko ya siku saba moja moja. Sikumwambia aache kuongea na Dar. Ile simu ni gharama ya biashara, kama nauli ya kirikuu inayoshusha ndizi kutoka Uru, na gharama ya biashara inaandikwa kwenye daftari la biashara.

Je, hakuna siku ya kukopa salio? Ipo. Mgonjwa yuko hospitali ya KCMC na unahitaji kuwaita ndugu, kopa bila kujiuliza. Mteja anasubiri jibu sasa hivi na jibu hilo linaleta hela leo, kopa. Hapo deni limefungwa kwenye pesa inayokuja. Ninachokikataa ni kukopa kwa sababu imekuwa desturi ya saa moja jioni.

Simu za mkopo ni habari nzito zaidi, na ndizo zilizomleta yule kijana. Unatoa kianzio, unapewa simu, unalipa kila siku au kila wiki. Ndani ya simu kuna programu ya kufuli. Usipolipa inajifunga, na kuizima na kuiwasha hakusaidii. Chukua mfano: kianzio 60,000, kisha 1,200 kila siku kwa siku 365. Hiyo 1,200 inasikika kama bei ya soda na andazi. Jumla yake ni 498,000. Kabla hujasaini, nenda duka la simu pale mjini uliza bei taslimu ya simu ile ile, kisha toa. Tofauti ndiyo bei ya kuchelewa kulipa. Huenda ukaona inafaa; mtu anayepata hela kila siku, kama bodaboda au mama ntilie, anaweza kuimudu, na simu nzuri ikamwongezea oda. Mimi sina ugomvi naye.

Mpagazi hapati hela kila siku. Anapata anaposhuka mlimani, baada ya siku sita au saba, pamoja na tipu yake. Akishuka mara tatu mwezi wa nane ana hela ya kutosha kulipa hata miezi minne ya simu. Mwezi wa nne na wa tano hana kitu. Lakini mkataba wake unamdai 1,200 mwezi wa nane na 1,200 mwezi wa nne, kana kwamba mlima hauna masika.

Simu ikifungwa ndipo watu wanapoingia kwenye shimo la tatu, mikopo ya mtandaoni, ile mitaani tunayoiita kausha damu. Unapakua programu kwenye simu ya ndugu, unaruhusu isome majina yote ya kwenye simu, unapewa 50,000 ya siku saba. Ukichelewa, shangazi yako wa Rombo anapokea meseji kwamba wewe ni tapeli. Nimeona mwanamke mzima akilia ofisini kwa sababu mchungaji wake alitumiwa meseji hiyo. Novemba 2024 Benki Kuu ilitangaza majukwaa na programu 69 za mikopo zinazofanya kazi bila leseni. Na tangu Mei 2023 tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi inayofanya kazi. Majina ya ndugu zako si dhamana ya mtu kuchezea. Kabla ya kukopa popote kwenye simu, tafuta kama mkopeshaji yumo kwenye orodha ya wenye leseni kwenye tovuti ya Benki Kuu. Dakika kumi hizo zina thamani.

Nirudi kwa kijana wangu. Hatukumpa 150,000. Alikuwa na akiba ndogo, na kamati ilimkubalia 90,000 kwa marejesho yanayoanza mwezi wa saba, baada ya safari zake za kwanza za msimu. Alilipa deni la simu ikafunguka, akalipa la laini na la akaunti kwa siku moja. Kisha nilimpa kazi: arudi dukani alikochukulia simu aulize kama anaruhusiwa kulipa siku za mbele. Swali hilo hakuna aliyekuwa amemshauri aliulize wakati anasaini. Wakamwambia ndiyo, muda wowote, kiasi chochote.

Msimu ulipochanganya, kila akishuka mlimani alipita kwanza kwa wakala, akiwa bado na vumbi la Kibo kwenye buti, akalipia siku 30 za mbele, wakati mwingine 45. Mwezi wa kumi na mbili alinipigia kunisomea meseji ya salio la siku zake. Simu ilikuwa imelipiwa hadi Juni 12.