Eteima si shemeji tu

Nimeulizwa tena wiki hii kwa nini nahangaika kutafsiri hadithi za mfululizo za Kimanipuri, wakati tamthilia za Kihindi zimejaa kwenye televisheni na "ni yaleyale". Si yaleyale. Hata lugha zenyewe hazina udugu: Kihindi ni jamaa wa Kiajemi, Kimanipuri ni jamaa wa Kitibeti na Kiburma. Manipur, jimbo la India, inapakana na Myanmar, tazameni ramani.

Kinachoniudhi zaidi ni kuambiwa huu ni umbea wa jikoni. Binti akitoroka na mchumba wake usiku, kwa Wameitei, wenye lugha hii ya Kimanipuri, hiyo ni njia inayojulikana ya kuoana, lakini wazazi wa binti bado wanatakiwa kuitambua ndoa kwa sherehe ya loukhatpa. Mwandishi akiichelewesha loukhatpa hiyo sehemu baada ya sehemu, leikai nzima, yaani mtaa, inaingia ugomvini. Inafika Ningol Chakouba, siku ambayo mabinti walioolewa hurudi kwao kula karamu. Wenzake wanapita wamevaa vizuri, yeye, ambaye kwao hawajaitambua ndoa yake, amebaki kwa mkwewe anachambua mchele. Hapo jikoni na kijiji utavitenganisha wapi?

Halafu kuna neno eteima. Kila mtu ananiambia: andika "shemeji", basi. Eteima ni mke wa kaka mkubwa. Awe na miaka 19 na wewe 25, bado ni mkubwa wako, kwa sababu ya kaka. Shemeji yetu haina ngazi hiyo: namwita shemeji, naye ananiita shemeji, tumelingana. Sasa chukua tukio hili. Kijana amegombana na kaka yake juu ya shamba. Mke wa kaka huyo anamwekea sahani ya wali kwenye mangol, baraza ya mbele, na kijana, badala ya kusema eteima, anamwita kwa jina lake. Hakuna tusi jingine, na hakuna haja ya jingine. Jirani aliyesikia anageuza uso. Weka "shemeji" kwenye sehemu zote zilizotangulia, uone kama msomaji atashtuka hapo.

Nimejaribu "mke wa kaka", ikawa kama hati ya mahakama. "Shemeji mkubwa" nayo ikanifanya nionekane namzungumzia bibi wa miaka 60. Mwishowe nimeliacha neno lilivyo, eteima, tangu sehemu ya 1, na bado roho haijatulia: msomaji mmoja, baada ya sehemu nne, aliniuliza huyo Eteima ni binti wa nani.