Je, Wajua kwa Nini Kalenda ya Dunia ya Kubuni Huhitaji Siku Zinazobaki?

Mwandishi anayebuni dunia yake mwenyewe, iwe kwa ajili ya riwaya au mchezo wa kompyuta, mara nyingi huanza kalenda yake kwa kutafuta hesabu nyepesi: miezi 10 yenye siku 36 kila mmoja, na mwaka wa siku 360 usiobakiza kitu. Kalenda ya namna hiyo hukaririka upesi, lakini msomaji huiona kuwa ni ya karatasi tu. Sababu ni kwamba siku, mwezi na mwaka ni mizunguko mitatu iliyo mbalimbali, na hakuna unaogawanyika kwa mwingine bila kubakiza.

Katika dunia yetu, mwezi huandama kila baada ya siku 29 na nusu hivi, ilhali mwaka wa jua una siku 365 na karibu robo. Miezi 12 ya mwandamo hutimiza siku 354 au 355, hivyo hupungua siku 11 hivi, na ndiyo maana Ramadhani husogea nyuma kila mwaka katika kalenda ya ukutani, ikapita katika masika, kipupwe na vuli kwa zamu. Kila jamii ililazimika kuamua la kufanya na tofauti hiyo. Kalenda ya Kiislamu huiacha ilivyo. Ya Kiyahudi na ya Kichina huongeza mwezi wa 13 katika miaka maalumu. Waethiopia wana miezi 12 ya siku 30, kisha mwezi mfupi wa siku 5 au 6. Wazee wa pwani yetu, hasa mabaharia waliohitaji kujua majira ya pepo, walihesabu mwaka wa jua kuanzia Nairuzi, siku ya mwaka mpya, kwa miongo 36 ya siku kumi kumi, na zile 5 zilizosalia zikawekwa kando kwa jina la gatha. Mwaka huo haujasahaulika: huko Makunduchi, Unguja, Mwaka Kogwa huadhimishwa kila Julai, wanaume wakipigana kwa magogo ya migomba na kibanda cha makuti kikichomwa moto.

Tazama basi kwamba sherehe, miiko na hadithi hukaa palepale hesabu ilipokataa kulingana. Hapo ndipo mbunifu anapopaswa kuchimba.

Tuchukue mfano wa dunia ya kubuni yenye mwaka wa siku 400 na theluthi moja, na mwezi mmoja angani unaoandama kila baada ya siku 27 kamili. Miezi 14 ina siku 378, kwa hiyo mwaka unabakiza siku 22 na theluthi. Tukiacha zikusanyike, baada ya miaka 6 zinafika 134, na miezi mitano ya nyongeza ina siku 135. Maana yake ni kwamba miaka 6, yenye siku 2,402, inakaribiana mno na miezi 89, yenye siku 2,403. Makuhani wa dunia hiyo wanaweza kuongeza miezi mitano katika kila kipindi cha miaka 6, lakini watakuwa wamezidisha siku moja, na siku hiyo lazima ifutwe ili kalenda irudi sawa na misimu. Sasa maswali yanakuja yenyewe. Aliyepaswa kulipa deni siku iliyofutwa analipa lini? Mfalme akifa usiku unaoitangulia, mrithi wake anahesabiwa kutawala tangu lini? Hakuna swali hata moja kati ya haya ambalo lingezaliwa na mwaka wa siku 360. Wala si mambo ya kufikirika tu, kwani mwaka 1582, katika nchi za kwanza kupokea kalenda ya Papa Gregori, tarehe 4 Oktoba ilifuatwa na tarehe 15.

Baada ya hesabu, mbunifu aangalie kazi za watu wake. Inasikitisha kukuta kisiwa cha kubuni chenye minazi na mikoko kikipewa majira manne ya Ulaya, pamoja na sikukuu ya mchana mrefu kuliko yote. Dar es Salaam iko karibu nyuzi 7 kusini mwa ikweta, na hapa tofauti kati ya mchana mrefu na mfupi wa mwaka haifiki saa moja. Watu wake huujua mwaka kwa mvua na kwa pepo za kusi na kaskazi. Wavuvi nao wana mwezi wao. Wanaovua dagaa kwa taa hungoja usiku wa giza, kwa sababu mbalamwezi huifanya taa isivute samaki, na wanaotafuta pweza mwambani hungoja bamvua, maji yanapokupwa mbali. Dunia yoyote yenye bahari na mwezi mkubwa itakuwa na hesabu kama hiyo, hata kama ikulu inafuata nyingine.

Swali la siku inaanza lini lisisahaulike: sisi huhesabu saa kuanzia mapambazuko, Muislamu huanza siku magharibi, na ofisi hubadili tarehe usiku wa manane, yote katika mtaa mmoja.

Linabaki suala la mwenye mamlaka ya kutangaza mwezi. Ipo miaka ambayo Idi husaliwa Dar es Salaam kwa siku mbili tofauti, kwa kuwa baadhi ya waumini hufuata mwandamo ulioonekana nchini au nchi jirani, na wengine hukubali habari za kuonekana kwake popote duniani. Katika dunia yetu ya mfano, sheria ikidai kwamba mwezi uonekane kwa macho, miji miwili inayotazamana kwenye mlangobahari, mmoja chini ya mawingu na mwingine chini ya anga safi, itapishana siku moja, na mkataba wa amani utakuwa umekwisha upande huu huku ng'ambo ya pili ungali na nguvu.