Usimulizi Upya wa Visasili: Mwanamke Aliyenyamazishwa Anapopewa Kauli

Usimulizi upya wa visasili ni kazi ya kukichukua kisa cha kale kinachojulikana na kukieleza kwa jicho la mhusika ambaye masimulizi ya awali yalimweka pembeni. Katika visasili vya Ugiriki mhusika huyo mara nyingi ni mwanamke, na namna za kumnyamazisha ni nyingi. Philomela alikatwa ulimi na shemeji yake aliyembaka, naye akaifuma habari yake kwenye kitambaa na kumpelekea dada yake; Cassandra, mtabiri, aliachiwa ulimi, ila mungu Apollo alimlaani asisadikiwe na mtu; na Penelope, mke wa shujaa Odysseus, mwanzoni mwa Odyssey, utenzi wa mshairi Homer, anaambiwa na mwanawe wa kumzaa arudi chumbani kwenye ufumaji wake, kwa kuwa kusema ni shughuli ya wanaume.

Anayeifafanua dhana hii vizuri zaidi ni Briseis. Katika Iliad, utenzi wa Homer kuhusu Vita vya Troya wenye zaidi ya mistari 15,000, Achilles na Agamemnon, wakuu wa jeshi la Wagiriki, wanamgombania mateka huyu tangu mwanzo, lakini yeye mwenyewe anasema mara moja tu, katika kitabu cha 19, kwa mistari 14. Akiwa ameiangukia maiti ya Patroclus, rafiki wa Achilles, anakumbuka jinsi mumewe na ndugu zake watatu walivyouawa, na jinsi marehemu alivyombembeleza asilie, akimwahidi kwamba ataolewa na Achilles, yaani yule yule aliyemuua mumewe. Homer anaongeza kwamba wanawake wenzake waliitikia kwa kilio, kwa nje wakimlilia Patroclus, kumbe kila mmoja alikuwa akililia yake. Mwandishi wa leo anayemfanya Briseis msimulizi wa nafsi ya kwanza, kama alivyofanya Mwingereza Pat Barker katika riwaya yake ya mwaka 2018, anaingilia katika ufa huo huo ulioachwa na matini yenyewe.

Kwa hiyo dhana hii hailazimu kubadilisha mwisho wa kisa. Mwaka 2020 sanamu iliyotengenezwa na mchongaji Luciano Garbati iliwekwa mkabala na mahakama ya jinai huko Manhattan, New York, ikimwonyesha Medusa, yule mwenye nyoka badala ya nywele, ameshika upanga mkono mmoja na kichwa cha Perseus mkono wa pili, kinyume kabisa cha kisa tunachokijua, ambamo shujaa Perseus ndiye anayemkata Medusa kichwa. Wengi waliipokea kama ishara ya haki, kwa sababu katika masimulizi ya mshairi Ovid (ambaye, tusisahau, alikuwa Mrumi) Medusa alibakwa na mungu wa bahari hekaluni, kisha akaadhibiwa yeye. Kwa maoni yangu, huko ni kukipindua kisa zaidi kuliko kukisimulia upya, kwani Medusa amepewa upanga, ila hatusikii lolote analolisema kuhusu yaliyompata hekaluni.