Elimu kwa Umma: Kabla ya kulipa ada ya kozi ya kutengeneza gemu

Kila dirisha la udahili linapofunguliwa, meza yetu hupokea maswali mawili yasiyochuja. La kwanza ni la mzazi: "Mwanangu anataka kusomea gemu. Hiyo si kamari?" La pili ni la kijana: "Nacheza tangu niko darasa la tatu, sasa cheti nakipataje?" La kwanza jibu lake ni hapana. La pili, huwezi kukipata kwa kucheza. Siku hizi limeongezeka la tatu, la watu waliokwisha kulipa ada mahali wasipopaswa kulipa, na hilo ndilo lililotufanya tuandike makala haya. Izingatiwe kuwa haya ni maelezo ya jumla. Hayachukui nafasi ya sheria, kanuni wala miongozo inayotajwa humu.

Tuanze na kamari ili tuimalize. Mkanganyiko umetoka kwa Waingereza, ambao neno lao moja, "gaming", wanalitumia kwa mambo yote mawili. Hapa Tanzania michezo ya kubahatisha inasimamiwa na bodi yake chini ya Sheria ya mwaka 2003, na aliye chini ya miaka 18 haruhusiwi kuishiriki. Kutengeneza mchezo wa video ni kazi ya ubunifu na TEHAMA, kama kutengeneza katuni au programu ya simu. Ila ukiweka ndani ya mchezo wako dau la fedha na ushindi wa fedha unaotegemea bahati, umebadili biashara, na hapo sisi tutakuelekeza kwenye bodi hiyo bila kusita.

Sasa kuhusu kucheza. Aliyekula pilau kila Ijumaa tangu utotoni si mpishi, na hakuna anayebishana na hilo. Lakini likija suala la gemu tunabishana mpaka jioni. Mfano ninaopenda kuwapa wanafunzi ni bao la Kiswahili, kwa kuwa wengi wao wameliona barazani hata kama hawalichezi. Bao lina mashimo 32 katika safu nne, na kete 64. Kila mchezaji huanza na kete 10 ubaoni, sita kwenye nyumba (shimo lake kuu) na mbili mbili kwenye mashimo mawili ya jirani, kisha 22 zinabaki mkononi. Kwanza kuna namua, ambapo kete za mkononi huingizwa moja moja. Zikiisha ndipo mnaingia mtaji, awamu ya kutembeza kete zilizo ubaoni. Kuna kula, yaani kuchukua kete za mpinzani, na kuna kutakata, yaani kutembeza kete bila kula. Kete ya mwisho ikitua kwenye nyumba yako wakati unakula, unaweza kuamua kulala (kukomea hapo) au kusafiri (kuendelea kutembeza). Ukiwa unatakata huna hiari hiyo. Ukila kwenye kimbi (mashimo mawili ya pembeni ya safu ya mbele), lazima uanzie kichwa, yaani shimo la mwisho, cha upande uleule.

Mzee anayelicheza chini ya mwembe huyafanya haya yote huku akipiga soga. Kompyuta haina soga. Kila kanuni lazima iandikwe, pamoja na ile ambayo wachezaji hawajawahi kuitamka kwa sababu "inajulikana". Anayeiandika ni mtu wa msimbo, yaani maagizo ya kompyuta (vijana husema kodi; si ile ya TRA). Lakini ubao wenyewe nani anauchora ukaonekana ni mti uliochongwa na si plastiki? Huyo ni msanii. Kete zikidondoka shimoni zinalia vipi, moja na nne zinatofautianaje? Msanifu sauti. Mchezaji ambaye hajawahi kuona bao aelekezwe vipi bila kusomeshwa kurasa kumi? Mbunifu wa mchezo. Kisha kuna mjaribu, kazi inayodharauliwa kuliko zote na ambayo sisi hatuna watu wake wa kutosha. Bao lina hali ambazo mtembezo unaweza kuzunguka bila kukoma. Kwenye baraza watu watacheka na kuanza upya; kwenye simu, mchezo utaganda na mteja ataufuta. Mjaribu mzuri ndiye anayeikuta hali hiyo kabla ya mteja, akaandika hatua kwa hatua jinsi alivyoifikia, ili mwenzake aweze kuirudia na kuirekebisha. Na juu yao wote yupo msimamizi anayejua kazi ya nani imechelewa.

Hizo ni fani sita, na kila moja ina njia yake ya kujifunza. Kwa hiyo tangazo linalosema "Kuwa mtengeneza gemu kamili kwa wiki sita" linapaswa kukushtua kabla hujafika kwenye bei. Wiki sita zinatosha kumfahamisha mtu na zana moja. Hilo si jambo baya, na kozi fupi zina nafasi yake, mradi ziitwe kozi fupi.

Tunakuja kwenye vyeti, eneo ambalo upotoshaji umezidi. Elimu ya ufundi na mafunzo ya ufundi stadi nchini inasimamiwa na NACTVET, Baraza la Taifa la Elimu ya Ufundi na Mafunzo ya Ufundi Stadi, ambayo kabla ya mwaka 2021 ilikuwa NACTE. Vyeti vya ufundi stadi vina ngazi tatu, NVA (tuzo ya taifa ya ufundi stadi) ya kwanza hadi ya tatu. Juu yake kuna NTA (tuzo ya taifa ya ufundi) ya nne ambayo ni astashahada ya awali, ya tano astashahada, ya sita stashahada, ya saba stashahada ya juu, na ya nane shahada. Vyuo vikuu viko chini ya TCU, Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania. Mwenye stashahada anayetaka kuendelea na shahada anapaswa kupata kwanza namba ya uhakiki wa tuzo, AVN, na hiyo haitoki kwa chuo ambacho mfumo haukitambui. Narudia: haitoki. Kila mwaka tunapokea mtu aliyesoma miaka miwili, ana joho na picha ya mahafali, na anaambiwa hapo dirishani kwamba kwa mujibu wa mfumo hajasoma.

Usajili wa chuo ni jambo moja, na kuruhusiwa kutoa programu fulani ni jambo jingine. Chuo kinaweza kuwa kimesajiliwa kihalali kwa kozi za hoteli na uhasibu, kikaongeza chumba chenye kompyuta kumi na kukiita idara ya michezo ya video. Mzazi anayeuliza "chuo kimesajiliwa?" anajibiwa ndiyo, na jibu hilo ni la kweli. Swali sahihi ni: programu hii, kwa jina hili, ngazi hii, imo kwenye orodha? Orodha hizo ziko wazi na mwongozo wa udahili hutolewa kila mwaka. Dakika tano za kuangalia zinaokoa ada ya mwaka mzima.

Tusieleweke kwamba aliyejifunza mwenyewe hana thamani. Sekta hii imejengwa na watu wa namna hiyo. Wesley Kirinya wa Kenya alitoa mchezo wake wa kompyuta mwaka 2007, wakati darasa la fani hiyo lilikuwa halijulikani kwetu, na mwaka 2009 yeye na Eyram Tawia wa Ghana wakaanzisha studio ya Leti Arts. Zana zenyewe hazina kisingizio cha gharama: Blender, programu ya uchoraji na uhuishaji wa pande tatu, ni huria tangu 2002; Godot, injini ya kujengea gemu, ni ya bure tangu 2014, na kwa hiyo kituo kinachofundishia programu za wizi hakina cha kujitetea. Kwa mwajiri wa fani hii, kazi zako tatu zilizokamilika na zinazochezeka zina uzito kuliko cheti. Nilisema zilizokamilika. Miradi kumi na mbili iliyoachwa njiani inaonyesha kitu kingine.

Kukamilisha ni pamoja na kuufikisha mchezo sokoni, na mitaala mingi inaishia kabla ya hapo. Akaunti ya mtengenezaji kwenye Google Play, duka la programu za simu, hulipiwa dola 25 mara moja tu; Steam, duka la gemu za kompyuta, ni dola 100 kwa kila mchezo. Mwenye akaunti mpya ya binafsi ya Google anatakiwa kwanza awe na wajaribu wasiopungua 12 kwa siku 14 mfululizo. Tunawashauri walimu walifanye sharti hilo kuwa sehemu ya upimaji, kwa sababu linamlazimisha mwanafunzi kutafuta watu, kusikiliza wanachosema na kurekebisha.

Hapa nina onyo. Usitafute wajaribu hao shule ya msingi na kuwalipa. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inakataza kumwajiri mtoto aliye chini ya miaka 14, na kuanzia 14 anaruhusiwa kazi nyepesi tu isiyomdhuru wala kuathiri masomo. Adhabu ni faini isiyozidi shilingi milioni tano, au kifungo cha mwaka mmoja, au vyote viwili. Vilevile, ukikusanya majina, picha na namba za simu za wajaribu, unakusanya taarifa binafsi, na Sheria ya mwaka 2022 iliyoanza kutumika Mei 2023 inakuhusu, hata kama orodha yako iko kwenye daftari. Wengi hudhani sheria hii ni ya benki na kampuni za simu. Si kweli.

Kwa studio ndogo zinazopokea wanafunzi: uanagenzi (kujifunza ufundi kazini) na mafunzo tarajali (ya kupata uzoefu wa kazi) vina miongozo ya kitaifa tangu 2017, na vyote vinahitaji mkataba wa maandishi. Mkataba uonyeshe muda, stadi atakazofundishwa, jina la atakayemsimamia, posho, na haki ya kazi atakazozalisha ni ya nani. Kipengele hiki cha mwisho kinasahaulika, kisha mhusika aliyechorwa na mwanagenzi anapendwa, na kelele zinaanza. Mwajiriwa na mwanagenzi si kitu kimoja mbele ya sheria ya hakimiliki. Msitegemee maneno ya mdomo. Na studio ikifikisha wafanyakazi kumi, inaingia kwenye tozo ya kuendeleza ujuzi, SDL, inayolipwa ndani ya siku saba baada ya mwezi kuisha. Kuwaita wote "vijana wa kujitolea" hakuiondoi.

Kuhusu ajira za nje zinazoahidiwa kwenye vipeperushi, tuwe wakweli. Januari 2024 Microsoft ilitangaza kupunguza nafasi 1,900 katika kitengo chake cha michezo, na Februari ikafuata Sony na 900. Watu hao wana uzoefu wa miaka, na wanaomba kazi zilezile. Haimaanishi kwamba mlango umefungwa. Ina maana kwamba kituo cha mtaani hakiwezi kukuahidi nafasi Ulaya kama ambavyo mimi siwezi kukuahidi mvua. Ujuzi wa uhuishaji, sauti na msimbo unatumika pia kwenye matangazo, katuni za elimu na programu za benki hapahapa nyumbani. Anayechagua fani aichague akiwa na jicho huko.

Kwa waliokwisha kulipa na wanaona mambo hayaendi: leteni lalamiko kwenye meza yetu kwa maandishi, siyo kwa simu. Ambatisha stakabadhi ya malipo, barua ya kukubaliwa, tangazo au kipeperushi kilichokuvutia, na jina kamili la kozi kama lilivyoandikwa kwenye barua. Malipo yaliyofanyika kwa simu yaletwe na ujumbe wa muamala uliochapishwa, wenye jina la aliyepokea. Wengi hukuta kwamba aliyepokea ni mtu binafsi na si chuo, na taarifa hiyo peke yake hubadilisha ofisi ambayo jalada lako litapelekwa. Anayefuatilia kwa niaba ya mtoto mdogo aje na cheti cha kuzaliwa. Nakala zitoshe mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa na ubaki nayo.