Mdakaji wa besiboli: magoti yanachoka, kichwa ndicho kinachoamua

Mdakaji ni yule anayechuchumaa nyuma ya mpigaji, uso ndani ya barakoa ya chuma, akipokea kila mpira wa mrushaji ambao haukupigwa. Uwanja mzima hakuna anayezeeka haraka kama yeye. Mimi ni mtu wa fiziotherapia, na wengi wanaolala kwenye kitanda changu ni wacheza kandanda, lakini ukiniuliza ni kazi gani ya michezo ningependa kuichunguza kiungo kwa kiungo, ni hii.

Mrushaji husimama mita 18.44 kutoka besi ya nyumbani, yaani bamba la ardhini anaposimama mpigaji. Mpira una gramu 145 hivi, na kwenye Ligi Kuu ya Marekani kufika kilomita 150 kwa saa ni jambo la kila siku. Kwa mechi moja mdakaji huchuchumaa mara 120, 150, pengine zaidi, na msimu una mechi 162. Goti likikunjwa mpaka mwisho, pia ya goti hugandamizwa kwenye paja. Nyonga nayo husukumwa hadi ukingoni mwa tundu lake. Kuchuchumaa tu si tatizo, bibi zetu wamepika hivyo miaka yote. Tatizo ni kufyatuka kutoka hapo: mkimbiaji akijaribu kuiba besi ya pili, yaani kuikimbilia bila mpira kupigwa, mdakaji ana kama sekunde mbili kuinuka, kugeuza nyonga na kuufikisha mpira karibu mita 39.

Siku hizi utawaona wengi wameweka goti moja chini. Msidhani wanayahurumia magoti. Akikaa hivyo, glavu hutangulia chini ya mpira wa chini na kuuinua kidogo, mwamuzi akauhesabu kuwa straiki, yaani mpira halali unaohesabiwa dhidi ya mpigaji. Mdakaji Tony Peña alikuwa akinyoosha mguu mmoja kabisa miaka ya 1980, na wengi wakamwona kituko.

Sasa tuje kwenye mwili wenyewe unavyolipa. Buster Posey wa San Francisco Giants aligongwa na mkimbiaji kwenye besi ya nyumbani tarehe 25 Mei 2011. Mfupa wa mguu ulivunjika, kano za kifundo zikachanika. Mwaka uliofuata alirudi akawa mchezaji bora wa ligi yake na bingwa wa World Series, fainali ya Ligi Kuu, na kufikia 2014 kanuni mpya ilikuwa imezuia migongano ya aina ile. Kwa hiyo mfupa uliunga. Kilichomsumbua baadaye ni nyonga, ile ya kuchuchumaa, akafanyiwa upasuaji 2018. Alistaafu baada ya msimu wa 2021 akiwa na miaka 34, na msimu huo alikuwa amepiga vizuri kabisa. Watu walishangaa. Mimi sikushangaa: takwimu za kupiga hazionyeshi mtu anavyoshuka kitandani asubuhi.

Joe Mauer ndiye kisa ninachokirudia zaidi. Mzaliwa wa Saint Paul, alicheza maisha yake yote Minnesota Twins, na alitwaa taji la mpigaji bora mara tatu, 2006, 2008 na 2009. Mdakaji mwingine wa Ligi Kuu hajafikisha idadi hiyo. Agosti 2013 mpira uliguswa kidogo na gongo, ukabadili njia, ukampiga kwenye barakoa. Barakoa huokoa meno na taya. Ubongo hauna barakoa. Kichwa kikisimama ghafla, wenyewe huendelea kusogea ndani ya fuvu. Mauer alipata mtikisiko wa ubongo, na msimu wa 2014 akahamishiwa besi ya kwanza moja kwa moja. Wastani wake wa kupiga, yaani sehemu ya majaribio aliyofanikiwa, uliokuwa .324 ukashuka hadi .277, kisha .265, na baadaye alieleza kwamba macho yake yalikuwa yakiona ukungu. Magoti yake wakati huo? Hayakuwa habari tena.

Mechi yake ya mwisho, 30 Septemba 2018, alivaa vifaa vya mdakaji kwenye ingizo la tisa, kipindi cha mwisho cha mechi, akadaka mpira mmoja, akatolewa uwanja mzima ukiwa umesimama. Wenzangu wa kazi watanielewa nikisema nilifurahi ulikuwa mmoja tu. Mwaka 2024 aliingia kwenye Jumba la Heshima kule Cooperstown.

Halafu kuna Yadier Molina, anayeharibu nadharia zote. Mtoto wa Bayamón, Puerto Rico, na kaka zake wawili, Bengie na José, nao walikuwa wadakaji wa Ligi Kuu. Alidaka St. Louis Cardinals kuanzia 2004 hadi 2022, akaondoka na miaka 40, baada ya mechi zaidi ya 2,100 nyuma ya besi ya nyumbani. Mei 2018 mpira ulimpiga kinenani akapasuliwa kwa dharura, na mwezi uliofuata alikuwa amerudi. Miaka ya mwisho alikuwa mzito wa mbio na gongo lake limepoa, lakini warushaji walimtaka yeye kwa sababu alijua amwashirie mrushaji arushe mpira wa aina gani na lini.

Na hapo ndipo 2026 inaponivutia. Ligi Kuu imeruhusu mrushaji, mdakaji au mpigaji kuupinga uamuzi wa straiki papo hapo, mashine ikaamua, na timu ikianza na nafasi mbili tu za kukosea. Ujanja wa glavu utapungua thamani. Jicho la kujua lini upinge litapanda, na jicho hilo, mradi kichwa kiko salama, halichakai kwa kasi ya nyonga. Nadhani mdakaji mzee wa miaka 37 ataongezewa msimu mmoja au miwili.