Kawawa hakuwa "msaidizi wa Mwalimu" tu

Wengi huamini Mwalimu Nyerere aliongoza nchi bila kukatiza tangu uhuru wa 1961 hadi alipong'atuka 1985. Sivyo. Januari 1962, wiki sita tu baada ya bendera ya Tanganyika kupandishwa, alijiuzulu uwaziri mkuu akarudi kukijenga chama cha TANU. Kiti alikishika Rashidi Mfaume Kawawa.

Na hakukishika kwa kukilinda tu. Kawawa alikuwa ametoka kwenye vyama vya wafanyakazi, akiwa katibu mkuu wa shirikisho lao. Kabla ya hapo alishaigiza katika filamu za Kiswahili. Serikali yake ndiyo iliyopitisha sheria za 1962 zilizobana migomo. Hebu fikiria: kiongozi aliyepanda kwa nguvu ya wafanyakazi, sasa anawawekea mipaka! Kwangu mimi, hapo ndipo uzito wa cheo chake unapoonekana. Chini yake pia iliandaliwa katiba ya jamhuri.

Tarehe 9 Desemba 1962 Nyerere aliapishwa kuwa Rais, Kawawa akawa Makamu wake. Uwaziri mkuu aliurudia mwaka 1972, safari hii wa Tanzania, hadi 1977.