Mapango ya Elgon: nani analeta chakula gizani?

Nikialikwa kuzungumza na wanafunzi huku Trans Nzoia, mkono wa kwanza kuinuka huuliza jambo lile lile: mwalimu, pango la Kitum lina samaki wasio na macho? Halina. Darasa zima huvunjika moyo, maana wamekwisha kuwaona samaki hao kwenye simu. Ila sababu ya wao kukosekana katika Mlima Elgon, liliko pango hilo, inanivutia kuliko samaki wenyewe, kwa hiyo leo naieleza kwa urefu.

Sisi tunaochunguza viumbe wa mapangoni hatuanzi na giza, tunaanza na chakula. Pasipo jua mmea haukui, na pasipo mmea kila kinacholiwa ndani kimetoka nje: kimesombwa na maji, kimeangukia humo, au kimeletwa na mnyama tumboni mwake. Yako mapango machache yanayojilisha. Movile, kule Romania, lililogunduliwa mwaka 1986, lina bakteria wanaopata nguvu kutokana na gesi ya salfa na methani, na wadudu wa humo wanaishi kwa kuwategemea bakteria hao. Lakini hayo ni ya kuhesabu kwa vidole. Mengine yote hulishwa kupitia mlangoni au kwenye nyufa.

Sasa turudi kwa macho. Jicho ni kiungo ghali. Utafiti uliotolewa mwaka 2015 kuhusu samaki wa Mexico, Astyanax mexicanus, ulionyesha kwamba macho pamoja na sehemu za ubongo zinazoyahudumia hutumia kati ya asilimia 5 na 15 ya nguvu za mwili uliotulia, na samaki wadogo ndio wanaolipa zaidi. Mahali ambapo mlo hupatikana kwa nadra, asilimia hiyo ni uhai na kifo. Charles Darwin, mwasisi wa nadharia ya mageuzi ya viumbe, mwaka 1859 aliona upofu wa mapangoni kuwa matokeo ya kutotumia jicho tu. Leo tunaona mambo mawili yakienda pamoja: hitilafu za jeni zinazoharibu jicho haziondolewi tena, kwa kuwa asiyeona hapati hasara gizani, na anayezaliwa na jicho dogo huokoa nguvu, akaishi na kuzaa.

Wala si lazima twende Mexico. Chini ya nchi kavu ya Somalia anaishi Phreatichthys andruzzii, samaki asiye na macho, asiye na magamba, asiye na rangi. Hata saa ya mwili wake imepotoka. Mwaka 2011 watafiti waligundua kwamba mzunguko wake unakaribia saa 47, si 24, na mwanga hauwezi kuurekebisha. Lakini ukimlisha kwa wakati maalumu kila siku, mwili hushika ratiba hiyo. Ameacha kulifuata jua, anafuata mlo.

Samaki wa namna hiyo huhitaji vitu vitatu: maji ya chini ya ardhi yasiyokauka, muda mrefu mno, na kutengwa kwa kiasi kikubwa na ndugu zake wa juu. Elgon haina hata kimoja katika mapango yake yanayojulikana.

Ukipita Endebess ukaingia hifadhini kwa lango la Chorlim, utakuta Kitum, Makingeni, Chepnyalil na Ngwarisha. Mwamba wake si chokaa kama ule wa Shimoni kule Pwani. Ni majivu na vifusi vya volkano vilivyogandamana, laini kiasi, na ndani ya kuta kuna magogo yaliyogeuka mawe, mabaki ya msitu uliofukiwa na mlipuko. Kitum linaingia mlimani kama mita 200 tu. Muhimu zaidi, mwamba huo una chumvi ya sodiamu. Mvua za Elgon ni nyingi, zimeosha chumvi kwenye udongo wa juu, na majani yanayoota hapo hayana sodiamu ya kumtosha mnyama mkubwa.

Kwa hiyo ndovu huja kuichimba. Huingia hasa usiku, akina mama mbele na ndama nyuma, mkonga ukipapasa sakafu mpaka kwenye giza totoro. Hupiga ukuta kwa pembe, huokota vipande kwa mkonga, hutafuna mawe. Alama za pembe zipo ukutani, mtu anaweza kuzigusa. Ndani ya Kitum kuna ufa mkubwa ambamo ndovu wachanga wameanguka na kufa. Nyati, pongo na fisi nao huingia. Wasabaot, wenyeji wa mlima huu, kwa vizazi vingi walichimba chumvi hiyo hiyo kwa ajili ya ng'ombe wao, na mvumbuzi Joseph Thomson kutoka Scotland alipopita mwaka 1883 alikuta watu wakiishi mapangoni pamoja na mifugo.

Je, ndovu ndio waliolichonga pango? Wapo wanaosema maji yalianza na ndovu wakapanua; wapo wanaowapa ndovu sifa karibu yote. Mimi naegemea upande wa ndovu, na hesabu ya kubuni inanitosha: kundi likitoa lita moja ya mwamba kwa siku, miaka 10,000 itatoa mita za ujazo 3,650. Hapo hatujahesabu watu na ng'ombe wao. Ujangili wa miaka ya 1970 na 1980 uliwapunguza sana wachimbaji hawa, na hasara si ya hesabu ya ndovu peke yake. Njia ya kwenda kwenye chumvi ndama huijua kwa kumfuata mama; mama akiuawa, njia nayo hupotea.

Lakini wanaolilisha pango hasa ni popo. Mwenyeji mkubwa wa Elgon ni popo wa matunda wa Misri, Rousettus aegyptiacus. Huyu ndiye jibu langu kwa wanafunzi. Anaishi gizani mchana kutwa, na bado ana macho makubwa mazuri, kwa sababu kila usiku hutoka kutafuta tini na mapera. Badala ya kupoteza kiungo, amejiongezea: hupiga ulimi na kusikiliza mwangwi wa mlio huo ili asigonge ukuta. Jamaa zake wengi walao matunda hawana ujuzi huo. Hulala mitini na kutegemea macho na pua.

Kinyesi chake ndicho shamba la pango. Kina majimaji na mabaki ya matunda, tofauti na kile kikavu cha popo walao wadudu. Ukuvu na bakteria hukishambulia, utitiri, funza wa nzi na mende hula hapo, buibui huwala hao. Ondoa popo, na safu hiyo yote itaporomoka upesi.

Kisha kuna kunguni. Popo hawa wa Elgon wana kunguni wao, Afrocimex constrictus, na ningeulizwa mageuzi ya mapango ya Kenya yamefikia wapi, ningemtaja huyu kabla ya kitu kingine chochote. Kunguni dume, wa jamii yake yote, hapandi jike kwa njia tuliyoizoea. Humchoma tumboni na kumwaga mbegu moja kwa moja mwilini. Majike wamejenga kiungo maalumu cha kupokea jeraha hilo. Katika Afrocimex madume huchomana hata wao kwa wao, na madume pia wana kiungo cha aina hiyo. Utafiti uliochapishwa mwaka 2007, uliofanywa kwenye mapango ya Elgon, ulikuta baadhi ya majike wana kiungo kilichofanana na cha dume, na majike hao walikuwa na makovu machache kuliko wenzao. Kuigiza dume kumekuwa kinga.

Tulikuwa tukifundisha kwamba kunguni wa kitandani walituhamia kutoka kwa popo siku tulipolala nao mapangoni. Sehemu ya kisa hicho bado inasimama, ila si kwamba popo walikuwa wenyeji wa kwanza: kazi ya vinasaba ya mwaka 2019 ilionyesha jamii ya kunguni ilikuwapo zaidi ya miaka milioni 100 iliyopita, muda mrefu kabla ya popo wa kwanza tunaowajua.

Popo hao hao hubeba virusi vya Marburg, vinavyomletea mtu homa kali ya kutokwa damu. Mwaka 1980 na tena 1987, watu wawili waliokuwa wametembelea Kitum waliugua na kufa, na baadaye alama za virusi zilipatikana ndani ya popo wa pango hilo. Cha ajabu, popo mwenyewe haugui. Nenda na askari wa KWS (Shirika la Wanyamapori la Kenya), usishike kinyesi, usikae chini ya popo, na usiingie na kidonda. Kuwachoma au kuwafukuza popo ni upumbavu; waliosalia hutawanyika, na wachanga wasio na kinga huongezeka.

Basi, viumbe weupe wasioona tuwatafute wapi huku kwetu? Si kwenye mapango ya Menengai, karibu na Nakuru, ambako watu hufunga na kuomba na mlango uko wazi kwa kila kitu. Ningetafuta kwenye maji ya nyufa za lava chini ya Nakuru na kwenye changarawe chini ya nyanda za Kano, karibu na Kisumu. Huko giza ni la kudumu, chakula ni tone kwa tone, na hakuna mlango. Viumbe wake, kama wapo, watakuwa wadogo wa jamii ya kamba wa majini, urefu wa punje ya mchele. Kwa hiyo wewe mwenye kisima: siku ya kupampu maji ya kwanza baada ya kuchimba, funga kitambaa laini mdomoni mwa bomba kwa saa moja. Ukiona kitu cheupe kinachotembea, kitie kwenye chupa ndogo yenye spiriti, andika kwa penseli mahali, tarehe na kina cha kisima, kisha kipeleke kwenye idara ya zuolojia ya chuo kikuu kilicho karibu nawe.